Nina Mtoto na Sijatoka Nje

Gerezani, upande wa Butiama
16 Februari 1992

Mama yangu mpenzi Mbuke,

Shikamoo mama, tena ya kupiga magoti hapahapa kwenye sakafu ya saruji. Goti lako la kushoto linasemaje? Dada Dorotea na watoto wake huko Nyasura wanaendeleaje? Mimi mzima kabisa. Watu wananiuliza, Apolinary unakula nini mbona unang'aa? Nawaambia ni dona ileile na maharage yaleyale yenye wadudu, ila mimi natafunaga kwa akili.

Habari kubwa ni hii: wamenitoa gereza la Musoma mjini, sasa niko gereza la shamba. Nikiinua kichwa kutoka kwenye tuta naona mlima wa kwetu. Wenzangu wananicheka, "Unalima au unamchungulia mama yako?" Asubuhi tunachuchumaa wawili wawili tunahesabiwa kama mbuzi wa mnada, halafu jembe mpaka jua likae utosini. Mchana wengine tunaingia useremala. Nyapara wetu ni mzee Mseti, kifungo chake ni cha maisha. Anasema miaka yangu thelathini ni likizo.

Nikikaa vizuri theluthi moja inapunguzwa, kwa hiyo nakaa vizuri mpaka askari wanaona haya. Hakimu alisema aliyeshika bunduki pale ghala la Mugango na mimi niliyewaendeshea boti wote ni majambazi. Sawa. Lakini hata yeye alikubali kwamba boti iliendeshwa vizuri.

Jioni nawafundisha wenzangu jiografia. Hawa watu hawajafika popote, mama! Nikiwaambia nimelala hoteli ya Kisumu yenye lifti, wananiuliza lifti inakula nini.

Barua hii inasomwa na mkubwa kabla ya kukufikia. Shikamoo na wewe afande.

Mwanao akupendaye,
Apolinary


Nyumbani
20 Aprili 1992

Mwanangu Apolinary,

Marahaba mara nyingi. Goti ni goti, linaniambia mvua inakuja kabla ya redio. Naandika mwenyewe, usidhani nimetafuta mtu. Kisomo cha watu wazima sikukaa bure.

Huku dunia imegeuka. Sabuni ile uliyokuwa unaificha chini ya samaki kutoka Kenya, sasa imepangwa dukani kwa Hamduni kama matofali na hakuna anayekimbia. Mashati ya Wazungu yamemwagwa chini mnadani Bunda, unainama unachagua. Ungengoja kidogo tu mwanangu, ungekuwa mfanyabiashara wa halali.

Sasa nisikilize. Nyumba hii ina sauti yangu peke yake. Nikikohoa, hayo ndiyo mazungumzo ya siku nzima. Dada zako wameolewa, ng'ombe wao wako zizini wanazeeka pamoja na mimi. Nimefikiri nioe.

Usicheke. Nyumba ntobu unaijua. Mama ambaye hana kijana nyumbani anatoa ng'ombe, anaoa mke wa nyumba, na watoto wakizaliwa ni wa nyumba hiyo. Mwanaume anayewaleta haulizwi jina. Nimempata Ursula, binti wa Bugwema. Aliolewa Bunda, akapigwa mpaka akapotelewa jino, akarudi kwao kwa miguu. Anacheka vizuri hata hivyo. Baba yake anangoja mpaka mvua za vuli, baada ya hapo kuna mama mwingine anamtaka.

Lakini sitoi hata mkia wa ng'ombe bila neno lako. Nataka aingie kwa jina lako. Watoto waitwe wa Apolinary. Niambie ndiyo au hapana.

Mama yako,
Mbuke


Gerezani
7 Juni 1992

Mama,

Natumaini u mzima. Mimi pia.

Nyumba ntobu ni ya mama asiye na mtoto wa kiume. Wewe unaye. Yuko hapa, ana jembe mkononi na meno yote mdomoni. Ukioa hivyo, jirani watasema nini? Watasema Mbuke amekata tamaa, amemzika kijana wake bila jeneza.

Halafu mwanaume nisiyemjua aingie kwangu, alale kwenye kitanda nilichokiranda kwa mikono yangu, na mtoto wake aitwe wangu? Mimi! Mimi niliyekataliwa kuoa na akina mama wanne wa Musoma kwa sababu mabinti zao walikuwa wananigombania!

Nikipunguziwa nitatoka na miaka arobaini na tisa. Mombasa nilimuona mzee wa sabini amebeba kichanga chake mwenyewe. Mimi nitajizalia.

Jibu ni hapana. Ukioa, basi andika kwamba mimi sipo.

Mwanao wa kiume wa pekee, kama bado unakumbuka,
Apolinary


Nyumbani
13 Septemba 1992

Apolinary,

Shikamoo sikuiona kwenye barua yako, lakini marahaba.

Barua hiyo nimeikalia miezi mitatu mpaka imepata joto. Majibu nilikuwa nayo siku ileile, ila mkubwa wenu anasomaga, sikutaka akuone ukichapwa.

Nilimwambia Ursula ukweli, kwamba umekataa. Nilidhani atachukua kanga zake aende zake. Akauliza, "Siku ya kutembelea wafungwa ni lini?" Anasema hawezi kukataliwa na mtu ambaye hajamuona. Atakuja Jumapili ijayo, yeye na unga wa muhogo. Nawa uso.

Mama yako, ambaye hajasahau ana watoto wangapi,
Mbuke


Gerezani
4 Oktoba 1992

Mama yangu mpendwa sana,

Shikamoo! Shikamoo na ile ya Juni, nalipa zote. Goti je?

Ursula alifika. Mimi nilikuwa nimejiandaa kumfukuza kistaarabu, nilikuwa na hotuba nzima. Sisi tunachuchumaa upande huu wa wavu, wageni wanasimama upande ule, askari Keraryo katikati anajifanya hasikii.

Akanitazama. "Wewe ndiye Apolinary? Mama yako alisema ni mrefu."

"Nimechuchumaa."

"Basi simama nikuone."

"Haturuhusiwi."

"Aa. Kumbe kuna mahali wanaume wanakatazwa kusimama juu ya mtu." Mama, Keraryo alikohoa mpaka kofia ikadondoka.

Nikamwambia sihitaji mtu wa kunitafutia mke. Akasema, "Nilikuwa na mume aliyekuwa anarudi kila jioni. Nikisikia baiskeli yake naficha mwiko na fimbo. Wewe hurudi. Kwangu hiyo ni sifa." Nikamwambia unaolewa na maiti. Akasema, "Maiti haina mdomo kama huo."

Nikajikuta nimecheka. Mimi! Kisha akasogea kwenye wavu, akasema polepole, "Nataka nyumba ambayo hakuna mkono utakaoshika nywele zangu. Na nikizaa, nataka watoto wapate jina ambalo mwenyewe analipenda. Wewe unalipenda jina lako?"

"Nalipenda kupita kiasi."

"Basi wape."

Kengele ikalia, akaweka unga chini, akaenda. Hata kwaheri hakusema, yule mwanamke.

Mama, nimelala na neno hilo wiki mbili. Mzee Mseti ameniambia, "Kijana, mimi nina watoto sita huko nje na hakuna hata mmoja anayelitaja jina langu. Wewe unaletewa bure unaringa." Basi nasema ndiyo. Toa ng'ombe. Na siyo ndiyo ya mdomoni tu. Mtoto akizaliwa ni wangu, na yeyote atakayeniuliza nitamjibu hivyohivyo.

Mwambie Ursula kitanda kile mguu wa nyuma unalegea, auwekee kigingi.

Mwanao,
Apolinary


Nyumbani
19 Desemba 1993

Baba mzaa chema,

Umesoma vizuri. Umezaa.

Ni msichana. Alizaliwa Jumanne, wanawake wote wa mtaa walikuwa hapa, kelele mpaka mbuzi wakavunja zizi. Nilikuwa naomba kijana, sikufichi, lakini nilipomshika nikasahau nilikuwa naomba nini. Ursula mzima, anakula uji kama mtu aliyelima heka mbili. Tumemwita Dafroza. Paroko aliuliza baba nani, Ursula akasema Apolinary Masatu. Paroko ni mzaliwa wa huku, aliandika akafunga daftari.

Ng'ombe walitoka salama mwaka jana, hilo Dorotea alishakuambia alipokuja. Sasa nyumba ina kelele, Apolinary. Nikikohoa, mtoto anashtuka analia, Ursula ananigombeza. Nimefurahi kugombezwa.

Je, wewe mzima? Msalimie mzee Mseti.

Mama yako, na sasa bibi Dafroza,
Mbuke


Gerezani
9 Januari 1994

Bibi Dafroza, shikamoo!

Wazima wote? Mtoto ananyonya? Usimfunike sana, joto la Januari si mchezo.

Barua yako ilisomwa mbele ya watu. Niliisoma mwenyewe, nimesimama juu ya ndoo. Mama, selo nzima ililipuka! Watu walipiga sahani za bati, mwizi mmoja wa ng'ombe kutoka Tarime akacheza ritungu, ngoma ya kwao, bila ala yoyote. Mzee Mseti alitoa sukari aliyokuwa ameificha tangu Krismasi, tukanywa uji wenye heshima. Wananiita Baba Dafroza. Naitikia kabla hawajamaliza.

Kelele zikamleta Bwana Jela mwenyewe, mgeni, amehamia mwezi jana kutoka Tanga. Mtu safi, kaptula imenyooka kama rula. Akauliza nini hii? Nikapiga saluti. "Afande, nimepata mtoto!"

Akatabasamu. "Hongera. Ulifungwa lini?"

"Mwaka themanini na tisa, afande."

Tabasamu likaondoka, akanitazama, akaenda zake. Nadhani yeye hana watoto, maskini. Nitamuombea.

Namchongea Dafroza kijiko cha mti wa mpingo. Mbusu kisigino.

Mwanao, Baba Dafroza,
Apolinary


Nyumbani
22 Mei 1994

Mwanangu Apolinary,

Hujambo? Kama hujambo, mbona kimya? Hii ni barua ya tatu tangu Februari. Ursula alikuja na mtoto mgongoni Jumapili ya Pasaka, akaambiwa getini wewe hutembelewi. Aliuliza kwa nini, akaambiwa rudi nyumbani mama. Dorotea amekuja kutoka Nyasura, naye amerudishwa.

Unaumwa? Umepigana? Kutoka shambani kwangu naona kundi lenu likilima pale bondeni, nguo zenu nyeupe. Natazama mpaka macho yanatoa maji, sikuoni. Wewe ningekujua hata ukiwa mdogo kama sisimizi, maana hulimi dakika tatu bila kuzungumza.

Andika hata jina lako tu.

Mama,
Mbuke


Gerezani
3 Julai 1994

Mama yangu,

Shikamoo. Mimi mzima, usilie. Leo nimeruhusiwa karatasi moja, kwa hiyo naandika kwa herufi za sisimizi.

Tangu Februari sijatoka ndani. Wiki chache baada ya zile shangwe niliitwa ofisini. Bwana Jela ana barua zako zote mezani. Akasema, "Apolinary, mimi nimesoma hesabu. Umefungwa mwaka themanini na tisa. Mtoto amezaliwa mwaka tisini na tatu. Kwenu ni mlima wa pili kutoka shamba letu. Ulikuwa unatoka saa ngapi?"

"Sijatoka, afande."

"Basi mtoto si wako."

"Ni wangu, afande."

"Basi ulitoka."

"Sijatoka."

Tulizunguka hivyo mpaka chai yake ikapoa. Keraryo akajaribu kumweleza desturi yetu, akaambiwa askari anayemtetea mfungwa ndiye aliyemfungulia. Maskini Keraryo, yuko zamu ya mnara mpaka leo. Sikumlaumu Bwana Jela. Kwao Tanga hakuna kitu hiki, angeotea wapi? Mimi ndiye niliyesimama kwenye ndoo.

Mwishowe akanipa kalamu. Akasema kwa upole, mama, si mtu mbaya: "Andika hapa, mtoto huyu si wangu. Yataisha. Utarudi shambani, theluthi yako utabaki nayo. Usipoandika, nitaandika mimi kwamba unatorokaga na kurudi. Theluthi itakwenda, na utahamishwa mbali na kwenu."

Nilishika kalamu. Nikaiweka chini.

Dafroza ameota meno?

Apolinary


Nyumbani
14 Agosti 1994

Mwanangu,

Meno mawili, ya chini. Anauma.

Andika, Apolinary! Nakuomba kwa ziwa ulilonyonya. Andika hiyo karatasi leo! Huko kwenu ni karatasi, huku ni nyumba, na hakuna mtu wa huku atakayekuja kusoma makabati ya magereza. Tunajua mtoto ni wa nani. Mungu anajua. Bwana Jela akijua tofauti, kwetu inapunguza nini?

Miaka kumi ni mingi. Nilipopiga hesabu ya theluthi yako, nilijiambia, nikila vizuri na nikiacha kubeba kuni, nitakuwepo siku unafika. Bila theluthi sitakuwepo. Mimi niliyeoa ili nyumba iwe na watu, ndiye sasa nimekuongezea kifungo? Nitawezaje kulala?

Ursula amekaa hapa karibu na mimi. Nimemwambia na yeye aseme neno. Ameinuka, ameenda kuchota maji na debe lilikuwa limejaa.

Andika.

Mama yako,
Mbuke


Gerezani
11 Septemba 1994

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Barua yako nimeisoma mpaka nimeishika kichwani, hata alama ya chozi naijua iko mstari gani.

Nataka kukutii. Juzi niliomba karatasi ile, nikaletewa. Nikaandika "Mimi Apolinary Masatu", mwandiko mzuri kabisa. Hapo nikasimama. Nikiendelea, Ursula ameolewa na nani? Wale ng'ombe walitoka kwa ajili ya nani? Siku moja huyo mtoto atagombana na mwenzake njiani, mwenzake atamwambia wewe huna baba. Atarudi nyumbani kuuliza. Nyinyi mtamwambia unaye. Nami nitakuwa nimeandika hana, kwa mkono wangu, nikiwa na akili timamu, kwa sababu ya kupenda kutoka mapema.

Uliniomba neno nikakupa. Sasa unaniomba nilirudishe, nami nakuomba uniache nalo. Mimi ni muongo mkubwa, mama, unanijua. Ile hoteli ya Kisumu lifti ilikuwa mbovu, nilipanda ngazi. Nimedanganya mabinti, polisi, na paroko wawili. Sasa nimepata jambo moja la kweli, na ndilo hilohilo hawaniamini. Wewe huoni linachekesha?

Uhamisho umetoka. Ni Lindi, mwisho wa mwezi. Nasikia kuna korosho.

Usiache kula vizuri. Usibebe kuni.

Mwanao,
Apolinary


Nyumbani
2 Oktoba 1994

Mwanangu Apolinary,

Hii nakuandikia Lindi, ikukute. Nilivyokuona Alhamisi ulikuwa mzima, basi sikuulizi hali. Nataka ujue yaliyotokea kabla hujaitwa, maana wewe ulikuta mwisho tu.

Nilikwenda kwa goti langu hilihili. Ursula mbele, mtoto mgongoni. Tulikaa getini tangu asubuhi mpaka Bwana Jela akachoka kutupita. Akatuita ndani, akatupa viti. Akamuuliza Ursula, "Baba wa mtoto huyu ni nani?"

"Apolinary."

"Alikuja kwako lini?"

"Hajawahi kuja. Mimi ndiye niliyekwenda kwake, mara moja, kwenye wavu, na askari wako alikuwepo."

"Basi mtoto huyu amepatikana vipi?"

Nikamwambia, "Baba, hilo hata mimi mwenye nyumba sikuuliza, wewe mgeni unaliulizia nini?" Akafuta uso kwa leso. Akatoka nje kibarazani, akamwita mama anayeuza ndizi kule barabarani, Mkurya wa watu hata hatumjui. Akamuonyesha mtoto. "Mama huyu mzee ameoa binti huyu kwa jina la kijana wake aliyefungwa. Mtoto ni wa nani?" Yule mama akamshangaa. "Si wa huyo kijana? Kwani ng'ombe zilikuwa za nani?" Akamuita na mzee wa baiskeli, akajibu hivyohivyo. Akamuita mpishi wake mwenyewe, naye hivyohivyo, mpaka akacheka. Alikaa chini kwenye ngazi, Apolinary, kaptula yake ile, akacheka peke yake.

Akasema, "Mama, la kutoroka nalifuta leo. Theluthi yake iko palepale. Lakini uhamisho umeshasainiwa Dar es Salaam, huo siuwezi." Ndipo akamwambia Keraryo akulete, bila wavu.

Mengine uliyaona. Sikujua mtu anaweza kumshika mtoto kwa woga hivyo, mtu aliyeendesha boti kwenye dhoruba.

Nakula vizuri. Kuni anabeba Ursula. Lindi ni mbali, sitafika, tusidanganyane. Lakini nitajitahidi kungoja.

Mama yako,
Mbuke


Gerezani, Lindi
6 Novemba 1994

Kwa mke wangu Ursula,

Hujambo? Mama hajambo? Msomee barua hii kwa sauti, akisema anaweza mwenyewe muache.

Nimefika. Karandinga siku tatu, reli, halafu vumbi mpaka kwenye nyusi. Dona ni ileile, bahari ipo, nimeiona kwa tundu, nikawaambia hii ni Ziwa letu limetiwa chumvi tu. Tayari wananichukia vizuri.

Siku ya kwanza nyapara wa hapa aliniuliza habari zangu, kama ilivyo kawaida. Kosa? Miaka? Kwenu? Una mtoto? Nikasema ninaye, mmoja, ana miezi kumi. Akahesabu vidole, akaniangalia kama yule wa Tanga. Nikamwambia rafiki yangu, kaa chini, nina miaka mingi ya kukueleza.

Akauliza anafanana na nani. Hilo sikuwa nimelifikiria. Nilimshika dakika chache tu, tena alilia, akanikojolea, akaniuma kidole kwa yale meno mawili. Nikamwambia: ukali ni wa mama yake, mdomo ni wa bibi yake. Lakini alipochoka kulia alilala palepale mkononi mwangu, geti linapigwa, askari wanaita majina, yeye anakoroma.

Huo usingizi ni wangu.

Mumeo,
Baba Dafroza